Fogo, 1967: Nani aitazame filamu kwanza?

Mtengenezaji wa filamu za makala akisema anataka kuwapa sauti watu wasiosikika, swali linalofuata huwa ni wapi filamu itaonyeshwa: tamasha gani, runinga ipi, mtandao upi. Swali la nani aitazame kwanza haliulizwi sana. Kwa maoni yangu hilo ndilo linaloamua kama mtu aliyesimama mbele ya kamera amepewa sauti kweli au amechukuliwa sura tu. Kisa cha kisiwa cha Fogo, nchini Kanada, kinalionyesha jambo hili vizuri kuliko kingine chochote ninachokijua, na kinastahili kuchambuliwa kwa kirefu, pamoja na yale ambayo wanaokisifia hupenda kuyaruka.

Kisiwa kilichotakiwa kihame

Fogo iko mbele ya pwani ya kaskazini-mashariki ya Newfoundland, kisiwa kikubwa cha mashariki mwa Kanada. Ni kisiwa cha mawe na upepo, chenye urefu wa kilomita 25 hivi. Mwaka 1967 kilikuwa na watu wapatao 5,000 waliotawanyika katika vijiji kama kumi. Kwa vizazi walivua chewa wa bahari baridi (cod) karibu na ufuko, wakamkausha kwa chumvi, wakampeleka kwa mfanyabiashara yuleyule aliyewakopesha nyavu, chumvi na unga mwanzoni mwa msimu. Bei ya samaki aliipanga yeye, na bei ya unga aliipanga yeye. Familia nyingi zilimaliza mwaka bila kushika fedha mkononi. Kufikia miaka ya 1960 biashara ya chewa wa chumvi ilikuwa inakufa, wafanyabiashara walikuwa wanafunga maghala na kuondoka, na huko bahari kuu meli kubwa za kigeni zilikuwa zinazoa samaki kabla hawajafika ufukoni. Zaidi ya nusu ya wakazi waliishi kwa msaada wa serikali.

Newfoundland ilijiunga na Kanada mwaka 1949. Waziri mkuu wa jimbo, Joseph Smallwood, alitaka watu wa vijiji vidogo vya pwani wakusanywe mahali penye shule, hospitali na viwanda. Mpango wa kuwahamisha ulianza mwaka 1954. Kuanzia 1965 serikali ya shirikisho nayo iliingia, na kila kaya iliyohama ikalipwa dola 1,000 za Kanada pamoja na dola 200 kwa kila mtu. Hadi katikati ya miaka ya 1970, watu wapatao 30,000 walikuwa wameacha vijiji karibu 300.

Mpango huo ulikuwa na kipengele ambacho wasimuliaji wengi hukitaja kwa haraka, nami naona ndicho chenye uzito. Kijiji hakikupata fedha mpaka karibu kila kaya ikubali kuhama. Mwanzoni zilitakiwa zote, baadaye asilimia 90, kisha 80. Kwa hiyo anayetaka kubaki alikuwa anamziba njia jirani anayetaka kuondoka, na anayetaka kuondoka alikuwa anatishia kuvunja kijiji cha anayetaka kubaki. Penye hesabu ya namna hiyo watu hujifunza kunyamaza. Wanajuana kwa majina na kwa koo, lakini neno lenyewe linalowakosesha usingizi hawalitamki.

Fogo ilikuwa na ukimya mwingine pia. Kulikuwa na Waanglikana, Wakatoliki na waumini wa United Church, kanisa la Kiprotestanti, na kila dhehebu lilikuwa na shule zake. Tilting ni kijiji cha Wakatoliki wenye asili ya Ireland, na vijiji vya karibu yake vina historia nyingine kabisa. Mtu angeweza kuishi mwendo mfupi kutoka kwa mwenzake mwenye shida ileile ya samaki na deni, wasikae pamoja hata siku moja kulizungumza jambo hilo.

Huko St. John's, mji mkuu wa jimbo, Chuo Kikuu cha Memorial kilikuwa na idara ya kuwafikia wananchi vijijini, ikiongozwa na Donald Snowden. Snowden hakuridhika na namna wataalamu wa uchumi walivyokuwa wanauzungumzia umaskini wakati huo, kama kwamba ni suala la kipato peke yake. Kwake, mtu wa pwani alikuwa maskini pia kwa sababu habari hazimfikii na maneno yake hayafiki kwa wanaoamua. Kisiwani kwenyewe alikuwepo Fred Earle, mzaliwa wa Fogo aliyekuwa mfanyakazi wa idara hiyo. Tayari kulikuwa na kamati ya wakazi iliyokuwa ikihangaikia maendeleo ya kisiwa. Msomaji amkumbuke Earle na aikumbuke kamati hii, kwa sababu nitarudi kwao.

Familia moja ya Montreal

Bodi ya Filamu ya Taifa ya Kanada ilikuwa inaanzisha programu iliyoitwa Challenge for Change, ikishirikiana na wizara za serikali, ili filamu zitumike kupambana na umaskini. Filamu iliyotangulia programu hiyo ni The Things I Cannot Change ya Tanya Ballantyne, kuhusu familia maskini ya Montreal yenye watoto tisa na wa kumi akiwa njiani. Imetengenezwa kwa ustadi, na aliyeitengeneza hakuwa na nia mbaya. Ilirushwa kwenye runinga ya taifa mwaka 1967, na familia ikajiona kwenye skrini wakati uleule ambapo majirani wote walikuwa wanaitazama. Wakachekwa mtaani kwao.

Filamu hiyo ilitaka kuamsha huruma, na nchi nzima iliona huruma kweli. Lakini huruma ya nchi nzima haikumsaidia mtoto aliyetaniwa njiani akienda shule. Hapo ndipo suala la nani anatazama kwanza lilipoacha kuwa la adabu tu likawa la kazi yenyewe. Colin Low, mtengenezaji filamu mwenye jina kubwa pale Bodi ya Filamu, alipofika Fogo majira ya kiangazi ya 1967, kivuli cha kisa cha Montreal kilikuwa bado kibichi.

Ahadi, kisha meza ya uhariri

Low na wenzake walikubaliana na wakazi juu ya mambo machache. Hakuna atakayepigwa picha bila kukubali. Aliyepigwa picha ataiona filamu yake kabla ya mtu mwingine, na ana haki ya kusema kipande fulani kiondolewe. Filamu haitatoka kijijini kwenda vijiji vingine, wala haitatoka kisiwani kwenda kwa wakubwa, mpaka wenyewe waseme sawa.

Mtu aliyewahi kufanya kazi ya filamu anajua ahadi hizo ni nzito kiasi gani. Filamu za milimita 16 zilisafirishwa hadi Montreal kusafishwa na kuhaririwa, kisha zikarudishwa kisiwani kuonyeshwa. Kila kipande alichokikataa mhusika kilimaanisha gharama na muda. Mkurugenzi aliyezoea kuwa na neno la mwisho alikubali liwe la mvuvi.

Jambo lililonishangaza zaidi nilipokisoma kisa hiki ni kilichotokea kwenye meza ya uhariri. Low alikuwa amekusanya picha za saa 20 hivi. Njia iliyozoeleka ni kuzigawa kwa hoja. Unachukua suala la kuhama, unaweka sentensi ya mvuvi, unamkatisha, unaweka sentensi ya mfanyabiashara, unarudi kwa mvuvi, na mwisho mtazamaji anapata mjadala mkali wa dakika 50. Ndivyo tunavyofundishwa, na mara nyingi ndivyo filamu inavyopata nguvu.

Low aligundua kwamba kwa watu wanaoishi pamoja njia hiyo ni hatari. Ukimkata mtu mara mbili na kumwekea mpinzani wake, mmoja atashinda na mwingine ataonekana mjinga, na aliyeamua nani ashinde ni mhariri aliyeko Montreal. Kesho yake watu hao wawili wanakutana gatini. Mmoja amefedheheshwa mbele ya kijiji kizima na mtu ambaye keshaondoka zake. Low akaacha njia hiyo akatengeneza filamu fupi fupi, kila moja ikiwa ya mtu mmoja, familia moja, mkutano mmoja au tukio moja. Yeye aliziita filamu za wima, akizitofautisha na za mlalo zinazokata kutoka kwa mtu hadi mtu kufuata hoja. Mwishoni zikawa 27, jumla ya saa sita hivi.

Katika filamu hizo mvuvi anazungumza mpaka anamaliza alichotaka kusema. Anajipinga, anasita, anarudia, anafikia hoja yake kwa njia yake mwenyewe. Ipo ya mvuvi anayekihama kisiwa kwenda Toronto. Anaeleza kwa utulivu kwa nini hawezi kubaki, na lawama zake kwa serikali zimenyooka bila matusi. Ipo ya mtu anayejenga boti kubwa kuliko zile zilizozoeleka, inayoweza kwenda mbali na ufuko wanakopatikana samaki. Ipo ya kikao cha wavuvi. Na zipo za nyimbo, za arusi na za watoto wakicheza, ambazo mtu wa haraka angesema hazina hoja.

Kwa mtazamaji wa leo aliyezoea kukatwakatwa kwa kasi, filamu hizi zinaenda polepole, na hata zinachosha mahali pengine. Sioni kama huo ni udhaifu. Zilitengenezwa kwa ajili ya mtu anayemjua msemaji, anayemjua babake na boti yake, na kwa mtazamaji wa namna hiyo dakika nzima ya jirani kutafuta neno si dakika tupu.

Ndani ya ukumbi

Kulifanyika maonyesho 35 hivi katika vijiji vya kisiwa. Ukijumlisha waliohudhuria, walifika kama 3,000, na kumbuka kisiwa kizima kilikuwa na watu 5,000. Projekta iliwekwa penye nafasi, filamu kadhaa zikaonyeshwa, taa zikawashwa, watu wakazungumza.

Zile filamu za nyimbo na arusi zilikuwa na kazi kubwa hapa. Mtu aliyezoea kuhesabiwa kwenye takwimu za msaada wa serikali alimwona mwenzake kwenye skrini akiimba, akicheza, akifanya kazi anayoiweza. Ukumbi ulicheka pamoja kwanza, ndipo ikaja filamu ya deni na samaki. Naamini mpangilio huo ulifaa kuliko hotuba yoyote ya utangulizi.

Halafu kulikuwa na lile la vijiji kusikilizana. Mvuvi wa kijiji kimoja alimsikia mvuvi wa kijiji kingine, wa dhehebu jingine, akieleza tatizo lake yeye kwa maneno yanayokaribia kuwa yake. Ana kwa ana wasingesemezana hivyo. Katika mkutano wa hadhara anayesimama huzungumza huku akiangalia nani ananung'unika, na mwenye sauti kubwa ndiye anayeondoka na kikao. Kwenye filamu hakuna wa kumkatiza msemaji, na anayemsikiliza hana haja ya kumjibu papo hapo. Anaweza kulala nalo. Kwa watu waliotenganishwa na hesabu za asilimia, hiyo ilikuwa nafasi adimu ya kujua kwamba wengi hawakutaka kuondoka, walichokosa ni njia ya kubaki.

Ukumbini alikuwepo mtu wa kuongoza mazungumzo, anayejua hali ya kisiwa na atakayekuwepo wiki ijayo. Sehemu hii wengi wanaoiga njia ya Fogo huiacha, kwa sababu mfanyakazi wa jamii hana mvuto wa kamera. Bila yeye filamu inaamsha maneno, kisha inafunga virago.

Kwa waziri, na kurudi

Baada ya wakazi kukubali, filamu zikaonyeshwa kwa Smallwood na baraza lake. Waziri wa uvuvi, Aidan Maloney, alijibu mbele ya kamera, na jibu lake likarudishwa kisiwani likatazamwa na waliouliza.

Mvuvi ambaye angesafirishwa hadi St. John's angekaa ofisini kwa waziri akiwa amevaa nguo zisizo zake za kila siku, amepewa muda mfupi, anatumia lugha ya wenye ofisi. Kwenye filamu mvuvi alisimama penye boti yake, akamfikia waziri kwa lafudhi yake mwenyewe, na waziri hakuweza kumkatiza. Waziri naye, kwa kujua maneno yake yatatazamwa ukumbini na watu wanaolijua suala kuliko yeye, alilazimika kujibu kitu.

Filamu ilifanya nini hasa?

Wakazi waliunda chama cha ushirika cha wavuvi. Ushirika ukachukua kazi ya kusindika na kuuza samaki iliyoachwa na wafanyabiashara. Boti kubwa zikaundwa palepale kisiwani. Mwaka 1972 shule ya pamoja ilifunguliwa katikati ya kisiwa, watoto wa madhehebu yote wakasoma humo, katika jimbo ambalo shule zake ziliendelea kugawanywa kwa madhehebu hadi miaka ya 1990. Kisiwa hakikuhamishwa.

Ni rahisi kuyasoma hayo na kusema filamu ziliokoa Fogo, na imesemwa hivyo mara nyingi. Mimi nakataa. Kamati ya wakazi ilikuwepo kabla ya kamera. Fred Earle alikuwa ametembea vijiji hivyo miaka kadhaa kabla ya Low kuteremka, na ndiye aliyemfungulia milango. Wazo la ushirika lilikuwa linazungumzwa. Filamu zilikuta shamba limekwisha kulimwa, na zikaharakisha mambo ambayo watu walikuwa wameshayaanza: zilieneza katika kisiwa kizima yale yaliyokuwa yanasemwa pembeni, na zilimfikishia waziri neno ambalo barua isingelifikisha kwa uzito ule. Hilo ni kubwa la kutosha, halihitaji kuongezewa chumvi.

Madai yaliyotiwa chumvi yana madhara ya kweli. Mfadhili akiambiwa kwamba filamu pekee zilileta ushirika, atalipia kamera na hatalipia miaka ya mtu kama Earle. Kisha filamu inatengenezwa penye watu ambao hawajajipanga, inaonyeshwa, watu wanalia, na hakuna chombo cha kubeba kilichosemwa. Nimeona miradi ya aina hiyo ikisifiwa.

Lipo pia suala la nani alishika kamera. Fogo ilikuwa kazi ya wageni wenye adabu. Wakazi waliweza kukataa kipande, lakini hawakuchagua pa kuelekeza lenzi, na fedha zilitoka serikali ileile waliyokuwa wanailalamikia. Challenge for Change yenyewe ilisogea mbele kuhusu hili. Mwaka 1969, kamera nyepesi za video zilipoanza kupatikana, wakazi wa mtaa mmoja wa Montreal walizishika wenyewe, na mwaka huohuo ikatoka You Are on Indian Land, filamu iliyorekodi maandamano ya Wamohawk, watu wa asili wa Amerika Kaskazini, kwa ushiriki wa Wamohawk wenyewe katika kuitengeneza. Hata hivyo, sikubaliani na wanaodhani kumkabidhi mtu kamera kunamaliza jambo. Kijana wa kijijini anaweza kumfedhehesha jirani yake kwenye meza ya uhariri sawasawa na mgeni.

Ushirika wa Fogo ulipata jaribio lake kubwa robo karne baadaye. Tarehe 2 Julai 1992 serikali ya Kanada ilipiga marufuku uvuvi wa chewa kwa sababu samaki walikuwa wamekwisha, na maelfu ya watu wa Newfoundland wakapoteza kazi. Ushirika uligeukia kaa na kamba, na bado unafanya kazi. Sidhani kuna mtu anayeweza kuihusisha filamu ya 1967 na kaa wa miaka ya 1990 kwa mstari ulionyooka. Inaweza kusemwa tu kwamba siku chewa alipokwisha, kisiwa kilikuwa na chombo chake chenyewe cha kuamulia.

Njia iliyosafiri

Snowden aliendelea kuisambaza njia hii mpaka kifo chake mwaka 1984, akiwa kazini India. Huko Alaska, mradi wa Skyriver uliitumia katika kijiji cha Emmonak, kwenye delta ya mto Yukon, ukaongeza jambo moja la busara: kijiji kiliamua kwanza ni masuala gani yasemwe na nani ayasemee, ndipo kamera ikawashwa.

Leo hali ni ngumu zaidi katika jambo moja. Filamu za Fogo zilikuwa nakala chache za milimita 16. Kama nakala haijabebwa hadi kijiji jirani, kijiji jirani hakijaiona. Uzito wa mikebe yenyewe ulilinda mpangilio: mwenyewe kwanza, jirani wa pili, waziri wa tatu. Video ikipakiwa leo, mwenyewe, jirani, waziri na mtu asiyemjua yeyote kati yao wanaiona saa ileile, na haki ya kusema kipande kiondolewe inabaki kwenye karatasi, kwa sababu kipande kimekwisha kupakuliwa na kusambazwa. Anayetaka kufanya kazi ya namna ya Fogo sasa inambidi aujenge mpangilio huo kwa makusudi: faili isipakiwe popote, ukumbi ukodishwe, watu walioonekana ndani waketi nayo kabla ya mfadhili kutumiwa kiungo. Wafadhili hawapendi kusubiri. Mazungumzo hayo na wafadhili ni bora yafanyike kabla ya siku ya kwanza ya kupiga picha, kwa maandishi.

Filamu za Fogo zenyewe nyingi sasa zinatazamwa bure kwenye tovuti ya Bodi ya Filamu ya Kanada, na nafurahi kwamba nimeweza kuziona. Lakini waliosema ndiyo mwaka 1967 walikuwa wanazungumza na majirani zao na mawaziri wao, watu wenye majina wanaojulikana wanakaa wapi. Mimi sikuwemo katika ruhusa ile, na wengi wa walioitoa hawapo tena kuulizwa. Kwa kadiri ninavyoona, wa kuulizwa sasa ni watoto na wajukuu wao wanaoishi palepale kisiwani.